Mwanangu amepewa karatasi ya kufutiwa kesi: asaini?

Dada mpendwa,

Salaam. Naandika usiku wenzangu wamelala, kwa sababu mchana jambo hili haliongeleki humu ndani bila mtu kupandisha sauti.

Tuko Marekani mwaka wa tano sasa. Tuliingia kwa bahati nasibu ya viza, mimi, mume wangu na watoto watatu, na sote tuna grini kadi, kile kibali cha kuishi huku kudumu. Tumeshaanza kuweka akiba ya maombi ya uraia. Mwanangu wa kwanza ana miaka 19. Asubuhi anasoma chuo, jioni alikuwa keshia dukani. Miezi miwili iliyopita polisi walimfuata kazini. Wanasema alikuwa akiwapitishia rafiki zake vitu kaunta bila kuviskani. Alilala ndani usiku mmoja, akachukuliwa alama za vidole, akaachiwa. Shtaka ni wizi, wanasema ni kosa dogo.

Mimi aliniambia ukweli huku analia: alimpitishia rafiki yake, mara mbili. Baba yake hajamwambia. Baba anaamini mtoto kasingiziwa na anataka twende na kesi mpaka mwisho.

Sasa mwendesha mashtaka ametoa ofa, wanaiita daivasheni. Miezi 12 ya uangalizi, saa 40 za kazi za kijamii bila malipo, darasa la wiki nane, kulirudishia duka fedha yake, na ada ya dola 300. Akimaliza, kesi inafutwa. Kwa jinsi mwanangu alivyonieleza (Kiingereza changu ni cha kubabaisha, kwa hiyo yeye ndiye ananitafsiria maneno ya wakili), kuna mahali anasimama mbele ya jaji anakubali kosa, lakini jaji haandiki hukumu, anaweka pembeni mpaka mwaka uishe.

Mwenzetu mmoja wa kanisani anasema tusipoteze bahati, mtoto asaini, ikifutwa inakuwa kama haikutokea. Mume wangu hamwamini hata wakili, anasema ni wakili wa serikali, analipwa na serikali hiyo hiyo inayomshtaki mtoto. Kwake yeye bora mtoto arudishwe nyumbani kwa bibi yake mpaka mambo yapoe. Jana nimekuta pasipoti ya mtoto imetolewa kabatini, iko ndani ya begi.

Mwanangu mwenyewe anataka kusaini tu aondokane na haya. Mahakamani ni baada ya siku 11. Asaini au asisaini?

Mama asiyelala

* * *

Dada yangu, Mama asiyelala,

Pole. Nimeisoma barua yako mara tatu, na nashukuru umeandika kabla ya siku yenyewe. Nikujibu kwanza, ndipo nieleze: asisaini bado. Ofa yenyewe sina ugomvi nayo. Kijana wa miaka 19 asiye na kosa la nyuma, kupewa nafasi ya kumaliza kesi ya wizi bila hukumu, ni jambo jema na ningependa alipate. Kilichonifanya niache chai yangu ikapoa ni ile sentensi uliyoipitisha haraka katikati ya barua: anasimama mbele ya jaji anakubali kosa, na jaji anaweka pembeni.

Hapo ndipo kesi yote ya mwanao ilipo.

Neno daivasheni linabebeshwa vitu viwili. Kipo kile ambacho kesi inachepushwa kabla mshtakiwa hajajibu shtaka, au akiwa amelikana. Anaingia kwenye mpango, anafanya kazi zake, anahudhuria darasa, anamaliza, mwendesha mashtaka anaiondoa kesi. Hakuna mahali popote alipotamka kwamba ametenda. Na kipo kile ambacho mtu anakiri kwanza, jaji anaikalia ile kauli mwaka mzima, na mwisho wa mwaka kesi inafutwa. Kwa nje vinafanana kama pacha. Saa zile zile, ada ile ile, hata mwajiri akiuliza, katika majimbo mengi jibu linaweza kuwa moja. Ila kwa mtu asiye raia, cha kwanza na cha pili ni mbingu na ardhi.

Sababu ni sheria ya uhamiaji ya nchi nzima. Mwaka 1996 Bunge la Marekani liliandika maana yake lenyewe ya mtu kutiwa hatiani, na maana hiyo haisubiri jaji atoe hukumu. Mambo mawili yakikutana yanatosha. La kwanza, mtu awe amekiri kosa, au amesema halipingi shtaka, au amekubali maelezo ambayo yanatosha kumtia hatiani. La pili, jaji awe ameagiza adhabu ya namna yoyote au kizuizi chochote kwenye uhuru wake. Sasa rudi kwenye karatasi ya mwanao. Kukiri kupo. Na mwaka wa uangalizi na saa 40, jaji akiziagiza, zinaweza kuhesabiwa kuwa hilo la pili. Kesi ikifutwa baadaye kwa sababu amemaliza vizuri, mahakama ya jimbo itasema hana hatia, na ofisi ya uhamiaji itasema alishatiwa hatiani. Zote mbili zitakuwa sahihi, kila moja kwa kitabu chake.

Na wizi si kosa dogo kwa watu wa uhamiaji. Mara nyingi huwekwa kwenye fungu la makosa ya utovu wa maadili. Kosa la fungu hilo likitendwa ndani ya miaka mitano tangu mtu aingie na viza yake, na sheria ikiruhusu adhabu ya kufikia mwaka mmoja au zaidi, mwenye grini kadi anaweza kuwekwa kwenye kesi ya kuondolewa nchini. Angalia vizuri: wanatazama adhabu ya juu iliyoandikwa kwenye sheria, hata kama yeye hakupewa siku moja ya jela. Nyinyi mko mwaka wa tano. Kwa hiyo tarehe anayodaiwa kutenda, na kifungu kamili cha sheria anachoshtakiwa nacho, ni vitu vya kuandikwa kwenye daftari leo hii.

Hukunitajia jimbo, na hilo ndilo linalonizuia kusema zaidi. Majimbo hayafanani. California, kwa kesi nyingi za kukutwa na dawa za kulevya kwa matumizi binafsi, ilikuwa na mpango ambao kuanzia mwaka 1997 ulimtaka mtu akiri kwanza. Sheria yenyewe iliwaahidi kwamba wakimaliza, kesi haitatumika kuwanyima haki wala faida yoyote. Watu wakakiri, wakamaliza, wakafutiwa, wakaenda zao wakijua yamekwisha, kumbe kwa uhamiaji yalikuwa hayajaisha. Bunge la jimbo lilikuja kuandika kwenye sheria yake kwamba ahadi ile ilikuwa taarifa potofu, likafungua mlango watu warudi mahakamani kuziondoa kauli zao. Kisha kuanzia tarehe 1 Januari 2018 likageuza utaratibu: sasa mtu analikana shtaka ndipo anaingia kwenye mpango. Texas nako, ipo njia ya jaji kuahirisha hukumu ambayo lazima mtu akiri au aseme hapingi, na ipo nyingine ya makubaliano na mwendesha mashtaka nje ya hukumu. Watu mtaani huziita kwa jina moja. Usikubali jina. Uliza kilichomo.

Na hata pale ambapo hakuna kukiri mbele ya jaji, soma kurasa za ndani. Waendesha mashtaka wengine hutaka mshtakiwa atie saini maelezo ya kilichotokea kabla ya kuingizwa kwenye mpango. Nakusimulia hili kwa sababu ndilo lililonifanya nianze kuandika safu hii. Nimefanya kazi ya ukalimani mahakamani miaka mingi. Siku moja nilikaa kwenye benchi ya koridoni na kijana mmoja, karatasi iko kwenye goti lake, kalamu ameazima, zimebaki dakika chache jina lake liitwe. Nikawa namsomea kwa Kiswahili mstari kwa mstari. Tukafika ukurasa wa tatu: mshtakiwa anakubali kwamba yaliyomo kwenye ripoti ya polisi ni kweli na yanatosha kumtia hatiani. Akaniuliza, dada, hii ina maana gani kwa makaratasi yangu? Mkalimani ameapa kutafsiri tu. Haruhusiwi kushauri, haruhusiwi hata kukunja uso. Nikamwambia swali hilo amwulize wakili wake. Wakili alikuwa anakimbizana na kesi nyingine, akasema kwa mbali, ni sawa, itafutwa. Akasaini. Ule mkono wake ninauona mpaka leo. Huku kwenye safu sijaapa, kwa hiyo nasema: mstari wa namna hiyo ukiwemo kwenye karatasi ya mwanao, wakili aombe utolewe, na kabla haujatolewa kalamu isiguse karatasi.

Tuje kwa mume wako na huyo wakili. Namwelewa kabisa shemeji yangu. Huko tulikotoka wakili wa serikali ndiye anayesimama kukushtaki, na neno hilo tumelibeba mpaka huku likatuharibia. Huyu wa mwanao si wakili wa serikali kwa maana hiyo. Ni wakili wa utetezi, analipwa na fedha za umma kwa sababu Mahakama Kuu ya Marekani iliamua mwaka 1963 kwamba mshtakiwa asiye na uwezo, katika kesi nzito, lazima apewe wakili, na haki hiyo baadaye ikapanuliwa. Anawajibika kwa mwanao peke yake. Hata siri za mwanao hawezi kumpa mwendesha mashtaka. Tatizo lake, kama lipo, huwa ni wingi wa kesi mezani, na dawa ya wingi wa kesi ni kumpelekea swali lililoandikwa, moja, lisilokwepeka.

Swali hilo analo wajibu wa kulijibu. Alikuwapo dereva wa lori aitwaye Jose Padilla, mzaliwa wa Honduras, mkazi halali wa Marekani zaidi ya miaka 40, aliyetumikia jeshi la Marekani wakati wa vita vya Vietnam. Alikamatwa Kentucky kwa kusafirisha bangi. Wakili wake akamwambia asihofu mambo ya uhamiaji, amekaa nchini muda mrefu mno. Akakiri. Kukiri kule ndiko kulikomweka kwenye hatari ya kuondolewa. Kesi ilipanda mpaka Mahakama Kuu, na mwaka 2010 ikaamuliwa kwamba wakili wa utetezi anapaswa kumweleza mteja asiye raia athari za uhamiaji kabla hajakiri. Kwa hiyo mwanao akiuliza hatakuwa anamsumbua mtu. Ofisi nyingi za mawakili hawa zina mtaalamu wa uhamiaji wa kumwuliza, au zina pa kupiga simu.

Aandike hivi, kwa Kiingereza chake kizuri, leo leo: mimi si raia, nina grini kadi, niliingia tarehe fulani. Je, mpango huu unanitaka nikiri, nisipinge, au nikubali maelezo yoyote? Kama ndiyo, naomba tutafute njia nisikiri. Naomba jibu kwa maandishi.

Njia huwa zipo. Wakili anaweza kuomba mwanao aingie kwenye mpango bila kukiri. Anaweza kuomba afanye saa zake na kulipa duka kwanza, kabla ya kujibu shtaka, kisha mwendesha mashtaka aiondoe kesi. Anaweza kuomba shtaka libadilishwe liwe kosa lisilogusa wizi. Na kama siku 11 hazitoshi, aombe tarehe nyingine. Kuahirisha ni jambo la kila siku mahakamani, jaji hatamwona mkorofi.

Lingine linaniuma kidogo, nivumilie. Mwanao ndiye anayekutafsiria wakili wake. Mtoto aliyeshtakiwa anaitafsiri kesi yake mwenyewe kwa mama yake. Unafikiri hachagui maneno? Yeyote angechagua. Mnapokutana na wakili mwombe mkalimani, ofisi nyingi hutoa bila malipo. Ila kuna sehemu ya mazungumzo ambayo wewe usiwepo kabisa. Mwache aingie peke yake, afunge mlango, aseme yote. Mtu wa tatu akiwa chumbani, kinga ya siri kati ya wakili na mteja inaweza kupotea. Na ujue hili: katika mahakama nyingi za Marekani mazungumzo ya mama na mwanawe hayana kinga. Yale aliyokuambia huku analia, usiyarudie kwa simu, usiyaandike WhatsApp, usimwambie yule wa kanisani. Na yeye asimwandikie kitu chochote yule rafiki aliyempitishia vitu, hata salamu.

Baba yake anapaswa kujua, na anayepaswa kumwambia ni kijana mwenyewe, akishazungumza na wakili. Sisemi hivyo kwa ajili ya amani ya nyumba tu. Mzee anayeamini mtoto kasingiziwa atamsukuma akatae kila kitu, na kijana ataamua kwa kumwogopa baba. Uamuzi wa kukiri au kukana, kwa umri wake, ni wake kisheria. Afadhali auchukue akiwa hana kitu alichoficha mezani. Ningekuwa na barua nyingine mbele yangu, ya mama ambaye mwanawe hakutenda kabisa, ningemjibu tofauti: mtu asiingie mpango wowote kwa kutamka uongo juu ya nafsi yake ili tu yaishe. Kwenu, kwa ulichoniambia, mpango unafaa. Tunagombania mlango wa kuingilia tu.

Huyo wa kanisani ana nia njema, lakini "kama haikutokea" si kweli. Alama za vidole zilishachukuliwa. Kukamatwa kumeandikwa. Katika majimbo mengi kufuta kumbukumbu ni ombi jingine kabisa, lenye fomu yake na muda wake wa kusubiri, halijifanyi lenyewe kesi ikiisha. Na siku mwanao atakapojaza fomu ya uraia, itamuuliza kama amewahi kukamatwa au kushtakiwa. Atajibu ndiyo, hata kama kumbukumbu zilifutwa, na ataambatisha nakala ya uamuzi wa mahakama yenye muhuri. Kukamatwa mara moja na kesi kufutwa bila kukiri, watu wanalieleza na wanavuka. Kuficha ndiko kunakowaangusha. Yeye asipeleke ombi lake kesi ikiwa wazi. Wewe na baba yake endeleeni na yenu, kesi hii si yenu.

Mengine ni ya kuuliza tu siku ya kusaini ikifika. Akishindwa kumaliza kinatokea nini? Kama hakukiri, kesi inaanza pale ilipoishia na bado ana utetezi. Kama alikiri, mara nyingi ni moja kwa moja kwenye adhabu. Ada ya dola 300 inasamehewa kwa mwenye kipato kidogo? Darasa la wiki nane liko saa ngapi, maana likigongana na masomo atakosa, na mtu huondolewa kwenye mpango kwa kukosa vipindi kuliko kwa ubaya wake. Na kila risiti, kila cheti cha saa alizofanya, apige picha na aweke karatasi yenyewe kwenye bahasha moja. Hiyo bahasha ataihitaji miaka kumi ijayo.

Limebaki la bibi. Kesi ikiwa wazi, akipanda ndege hatapoza kitu. Tarehe ikipita bila yeye kuonekana, jaji atatoa hati ya kumkamata, ofa itakufa siku hiyo hiyo, na atakaporudi na grini kadi yake atasimamishwa uwanja wa ndege na kuulizwa hilo hilo alilolikimbia, safari hii bila wakili pembeni. Mwambie shemeji yangu nimemsalimu na namheshimu. Anamtafutia mwanawe usalama, ila mahali pa usalama wa mwanawe kwa siku hizi 11 ni kwenye kiti cha ofisi ya yule wakili. Asubuhi akishakunywa chai, mwombe aitoe ile pasipoti kwenye begi airudishe kabatini kwa mkono wake mwenyewe. Kisha mfuatane wote watatu mkaombe miadi. Nyinyi wawili mtasubiri nje, kijana ataingia.

Ukiniandikia tena, taja jimbo.